Kompyuta Aliyetufikia kwa Redio

Jumamosi ya tarehe 10 Agosti 1974 Usukuma ulikuwa katika majira yake mazuri. Pamba ilikuwa imeshachumwa, mtama uko ghalani, na vumbi la mbina, ngoma zetu za mashindano, limeanza kutimka. Siku moja tu nyuma Richard Nixon alikuwa ameachia urais wa Marekani, kwa hiyo dunia ilikuwa na habari zake. Mwanza nayo ilikuwa na zake: Simba na Yanga walikuwa uwanja wa Nyamagana kuamua nani bingwa wa Tanzania. Dakika ya 16 Adam Sabu akaifungia Simba.

Bao hilo likasimama kwa dakika 71. Anayejua mpira anajua jinsi dakika 71 za kulinda bao moja mbele ya mtani zinavyomla beki. Miguu inaweza kubaki mizima, lakini kichwa kinachoka, na kila mpira unaokatiza mbele ya goli unakuja kama mtihani mpya. Dakika ya 87 Gibson Sembuli wa Yanga, mtu wa mashuti mazito, akasawazisha. Zikaongezwa dakika. Dakika ya 97 Sunday Manara akafunga la pili, na ubingwa ukaenda Jangwani, kwa Yanga.

Ile Simba haikuwa timu ya kuonewa huruma. Mwaka huohuo ilifika nusu fainali ya Klabu Bingwa Afrika na kutolewa kwa penalti na Mehalla ya Misri. Kuifunga timu ya namna hiyo katika dakika za nyongeza, baada ya kuwa nyuma karibu mchezo mzima, ni kazi ya washambuliaji ambao hawakuacha kuamini kwamba nafasi itakuja. Hapo ndipo ninapoanzia kumpima Sunday Manara. Kuna wafungaji wanaofunga timu yao ikiwa inaongoza kwa matatu. Yeye tunamkuta kwenye bao lililobeba kombe.

Mimi sikuwepo Nyamagana. Bariadi, nyumbani kwetu, wakati ule ilikuwa ndani ya mkoa wa Shinyanga. Simiyu lilikuwa bado jina la mto, mkoa ulikuja mwaka 2012. Ukitoka kwetu kwenda Mwanza unashuka Lamadi, unashika njia ya Magu huku Ziwa liko kulia kwako, na safari hiyo, kabla ya lami kutufikia, haikuwa ya mtu kuamka asubuhi akasema leo nakwenda kuangalia mpira. Waliokwenda walikuwa wachache. Waliobaki walikwenda kwa redio, na nimekulia miongoni mwao. Nimelisikia bao la dakika ya 97 kutoka kwa watu waliokuwa mnadani siku ile, waliokuwa machungani, waliokuwa kwenye foleni ya mizani ya chama cha msingi wakisubiri pamba yao ipimwe. Nimelisikia likifungwa kwa kichwa na nimelisikia likifungwa kwa mguu. Kila mmoja ana Nyamagana yake, na hakuna anayesita.

Jambo hili la redio si pambo la hadithi. Ndilo linaloeleza kwa nini mshambuliaji huyu anakumbukwa jinsi anavyokumbukwa. Mwaka huohuo wa 1974 serikali ilipiga marufuku kuingiza kompyuta nchini. Mashine ya kwanza ilikuwa imefungwa Wizara ya Fedha mwaka 1965, na miaka iliyofuata jaribio la kuziachia mashine hizo hesabu za serikali lilileta vurugu na hasara. Televisheni nazo zikaingia kwenye marufuku. Zanzibar ilikuwa na televisheni yake ya rangi tangu miaka hiyo ya sabini, lakini Bara ilisubiri hadi 1994. Kwa hiyo katika nchi iliyofunga mlango kwa kompyuta, Sunday Manara wa Yanga alikuwa anaitwa Kompyuta, na katika Bara isiyo na televisheni, watu wa Bariadi walikuwa na hakika wanajua anavyokimbia.

Walijuaje? Mtangazaji wa mpira wa Radio Tanzania Dar es Salaam alikuwa anamchorea msikilizaji uwanja kichwani. Alianza kwa kusema timu ipi inashambulia kutoka kusini kwenda kaskazini, jua liko upande gani, upepo unavuma kuelekea goli lipi. Baada ya hapo mpira ulipita mdomoni mwake jina kwa jina. Katika utangazaji wa namna hiyo beki anatajwa anapookoa au anapokosea. Kipa anatajwa anapodaka. Fowadi anatajwa kila mara, na sauti inapanda kila anapotajwa. Mtoto anayesikiliza kandokando ya redio ya National, zile zilizokuwa zikiunganishwa Dar es Salaam, anajifunza mapema kwamba jina fulani likija sauti itapanda. Redio ilikuwa upande wa washambuliaji, na sidhani kama haki hiyo imewahi kurudishwa kwa mabeki wa miaka ile.

Ndiyo maana pia kila mtu alikuwa na jina la pili. Kitwana Manara alikuwa Popat. Abdallah Kibadeni alikuwa King, na wengine walimwita Mputa. Jumanne Hassan alikuwa Masimenti. Leo mchezaji ana sura, ana mtindo wa nywele, ana namna ya kushangilia, na vyote unaviona kwenye simu. Zamani lakabu ndiyo ilikuwa sura. Ukimwita mtu Kompyuta umeshamwambia msikilizaji wa Bariadi, Meatu na Itilima kwamba huyu anapiga hesabu, kwamba pasi yake inafika ilikotumwa, kwamba mpira ukimfikia kuna jambo limeshaamuliwa kabla beki hajageuka. Neno moja limebeba uchambuzi mzima.

Wakenya wanalijua hili vizuri kuliko sisi. Joe Kadenge, mshambuliaji wao mkubwa wa miaka ya sitini, aliingia kwenye lugha ya kila siku kwa sababu ya sauti ya Leonard Mambo Mbotela ikisema Kadenge na mpira. Maneno matatu. Kadenge alifariki mwaka 2019, na walimlilia hata vijana ambao hawakuwahi kuona hata sekunde moja ya uchezaji wake. Walikuwa wanamlilia mtu waliyerithi sauti yake kutoka kwa baba zao.

Usukuma ulikuwa na sikio lililozoea mambo haya kabla mpira haujafika. Mashindano ya ngoma ya Bagika na Bagalu yana umri mrefu kuliko Simba na Yanga. Pande mbili zinacheza jirani, kila moja na dawa yake na nyimbo zake, na watazamaji ndio wanaoamua: unakokwenda umati, huko ndiko uliko ushindi. Mtunzi hodari anaweza kuvuta watu kutoka upande wa pili wakiwa tayari wamesimama huko. Kwa hiyo ulipokuja utani wa Simba ya Msimbazi na Yanga ya Jangwani, watu wetu hawakuhitaji kufundishwa. Walijua maana ya kuwa wa upande mmoja, na walijua maana ya mtu mmoja kugeuza uwanja. Agosti ni mwezi wa mbina. Kwamba fainali ile ilichezwa Mwanza mwezi huo, kwangu mimi ni bahati ambayo Kanda ya Ziwa haikuithamini vya kutosha.

Turudi kwa mtu mwenyewe. Sunday ni wa familia ya mpira yenye asili ya Kigoma. Kaka yake, Kitwana, alianza kama kipa kabla ya kuhamia mbele na kuwa mfungaji. Mdogo wao, Kassim, naye akawa mchezaji, na baadaye alicheza Austria. Nimelifikiria sana lile la Kitwana. Kipa anaujua ule woga mdogo wa kabla ya shuti: anajua anakoegemea, anajua ni wakati gani hawezi tena kurudi. Mtu akitoka golini akaenda kucheza mbele anaondoka na siri hiyo. Na ukiwa mdogo wake, unacheza naye uani na kwenye viwanja vya mtaa, siri hiyo inakufikia bila kufundishwa darasani. Huo ni uchambuzi wangu, lakini nimewafundisha watoto miaka mingi na nimeona mara kadhaa kwamba mshambuliaji mtulivu mbele ya goli ana kipa nyumbani kwao.

Mpira wa wakati huo ulikuwa na majina yake ya kazi. Wazee bado wanasema senta fowadi, insaidi lefti, winga, fulubeki. Insaidi hakuwa mfungaji tu, alikuwa kiungo kati ya hafu na senta fowadi, mtu wa kushuka kuuchukua mpira na kupanda nao. Ukisikiliza jinsi Sunday anavyosimuliwa, hasimuliwi kama senta fowadi wa kukaa ndani ya kumi na nane na kusubiri. Sifa yake ni hesabu, pasi, kuona. Anafunga, lakini anafunga kama mtu aliyeshiriki kulitengeneza bao. Kibadeni alikuwa wa aina nyingine, mfungaji ambaye boksi ndilo nyumbani kwake, na hata tarehe inamtaja: 19 Julai 1977, Simba 6, Yanga 0, Kibadeni matatu, Masimenti mawili, na moja Selemani Sanga akajifunga. Hakuna mwingine aliyewahi kufunga matatu katika mechi ya watani hao.

Lakini hiyo sita haisomeki vizuri bila kujua kilichotangulia. Mwaka 1975 Yanga ilikuwa juu. Ilikuwa imechukua ubingwa wa klabu za Afrika Mashariki na Kati kule Zanzibar kwa kuifunga Simba 2-0, na wafungaji walikuwa walewale wa Nyamagana, Sembuli na Sunday Manara. Kwenye Klabu Bingwa Afrika ikatoka sare mara mbili na Enugu Rangers ya Nigeria, ikaondolewa kwa bao la ugenini. Baada ya hapo mgogoro ukaingia nyumbani, ukaigawa klabu, na kundi kubwa la nyota likaondoka. Mwaka 1976 ikazaliwa Pan African, na Sunday akawa huko. Yanga iliyofungwa sita ilikuwa imebaki na jezi bila wengi wa watu walioipa jezi hiyo uzito. Wana Simba wasinielewe vibaya, sita ni sita. Nasema tu kwamba timu ya mpira haivunjiki uwanjani. Inavunjikia kwenye mkutano, na uwanja unakuja kutangaza matokeo.

Na ni katika miaka hiyo ya mtafaruku kwamba Sunday aliondoka nchini. Anatambulika kuwa Mtanzania wa kwanza kucheza soka la kulipwa Ulaya, na klabu iliyompokea ilikuwa Heracles ya Almelo, Uholanzi, wakati huo ikiwa daraja la pili. Naomba msomaji wa Bariadi atulie kidogo hapa. Almelo ni mji wa mashariki mwa Uholanzi, kwenye eneo la Twente, na ni mji uliojengwa na pamba. Viwanda vya kusokota nyuzi na kufuma nguo ndivyo vilivyouinua, vikavuta wafanyakazi, vikajenga nyumba zao. Klabu yenyewe, iliyoanzishwa 1903, ilikuwa na ubingwa wa Uholanzi mara mbili, 1927 na 1941. Sunday alipofika, viwanda vile vilikuwa vinafungwa kimoja baada ya kingine. Mchezaji aliyewapa watu wa nchi ya pamba furaha yao kubwa ya mwaka 1974 alikwenda kuanza maisha mapya katika mji mwingine wa pamba, mji uliokuwa ukiipoteza. Nimekuwa nikilibeba jambo hili kichwani tangu nilipolijua. Huku tunachuma na kuuza ikiwa nyuzi ghafi, kule walikuwa wanafuma, na kati ya pande hizo mbili alipita mtu mmoja na viatu vyake.

Na Uholanzi ile haikuwa mahali pepesi pa kujaribia bahati. Ilikuwa imecheza fainali ya Kombe la Dunia Julai 1974, mwezi mmoja kabla ya Nyamagana, na ingecheza tena fainali ya 1978. Huko beki alikuwa anapanda, fowadi alikuwa anakaba, na kila mmoja alitakiwa kujua kazi ya mwenzake. Insaidi wa Kitanzania aliyekulia kwenye soka la ridhaa, aliyezoea jua la mwaka mzima, aliingia kwenye baridi na kwenye mazoezi ya kila siku. Ukiniuliza kwa nini alichaguliwa, nitajibu kwa lakabu yake: waliotafuta mtu wa kufikiri walimwona mtu wa kufikiri.

Kutoka Almelo akaenda Marekani, New York Eagles, katika ligi iliyoitwa American Soccer League. Isichanganywe na ile ya Cosmos ya Pelé na Beckenbauer. Hii ilikuwa ligi ya pembeni yake, ya timu za fedha ndogo na wachezaji wa kila taifa. Kisha Austria, St. Veit, na baadaye Al Nasr ya Dubai. Nchi nne katika mabara matatu, kwa mtu aliyeondoka nyumbani wakati ambapo mchezaji wa Tanzania hakuwa hata na neno wakala katika msamiati wake. Ukiipanga safari hiyo kwenye ramani unaona haina mstari. Hakuna klabu ndogo iliyomkuza kwa ajili ya klabu kubwa, hakuna mkataba mmoja uliozaa mwingine mkubwa zaidi. Kila kituo kinaonekana kuanza upya.

Katika hilo hakuwa peke yake duniani, na hapa nataka kumleta mtu wa Karibiani. Gil Heron alizaliwa Kingston, Jamaika, mwaka 1922, akahamia Marekani, akafunga mabao mengi Detroit, na mwaka 1951 Celtic ya Glasgow ikamsajili baada ya kumwona. Alifunga katika mechi yake ya kwanza, Agosti mwaka huo, dhidi ya Morton. Watu wa Glasgow wakampa jina la Mshale Mweusi. Lakini alicheza mechi tano tu za mashindano, akafunga mabao mawili, akaachwa. Akapita Third Lanark, akapita Kidderminster Harriers, akarudi Detroit. Leo ukimtaja, wengi wanamfahamu kwanza kama baba wa Gil Scott-Heron, mshairi na mwanamuziki. Mguu wa baba ukafunikwa na sauti ya mwana.

Mjamaika mwenzake, Lindy Delapenha, alipata njia ndefu zaidi. Alijiunga na Portsmouth mwaka 1948, akawa sehemu ya kikosi kilichotwaa ubingwa wa Uingereza 1949, kisha akakaa Middlesbrough miaka minane na kufunga mabao yanayokaribia mia. Kinachonivuta kwake ni alichofanya baada ya hapo. Mwaka 1964 alirudi Jamaika na kuwa mkuu wa michezo katika shirika la utangazaji la nchi hiyo. Mshambuliaji akashika maikrofoni. Aliyekuwa anatajwa akawa anayetaja. Watoto wa Jamaika walisikia habari za mpira wa dunia kutoka kwa mtu aliyeugusa mpira huo, na angeweza kuwaeleza baridi ya kaskazini mwa Uingereza ilivyo kwenye vidole vya miguu.

Sunday Manara hakupewa kiti cha namna hiyo, na hiyo ni hasara yetu. Lakini sauti ilifika nyumbani kwake kwa njia nyingine. Mwanawe, Haji Manara, akawa msemaji wa Simba, akaifanya kazi ya usemaji wa klabu iwe maarufu kuliko ilivyokuwa kabla yake, na mwaka 2021 akahamia Yanga. Mtoto wa aliyeizima Simba Nyamagana akawa mdomo wa Simba. Vijana wengi wa leo wanamjua Haji kwa kila neno, na hawajui baba yake alifunga wapi. Nikikumbuka Heron na mwanawe naona jambo lilelile: mahali ambapo mguu haukuwa na kamera, ukoo ulipata njia ya kusikika.

Swali linalobaki ni kwa nini njia aliyoipita haikugeuka barabara. Mwaka 1979 Taifa Stars ilifuzu Kombe la Mataifa ya Afrika kwa bao la Peter Tino kule Ndola, sare ya 1-1 na Zambia baada ya kushinda 1-0 Dar es Salaam. Machi 1980 timu ikaenda Lagos, ikafungwa na Nigeria na Misri, ikatoka sare na Ivory Coast. Hicho kilikuwa kizazi chenye wachezaji wa kuonekana. Iwapo kungekuwa na mlango, wangeingia watano au sita. Mlango haukuwepo. Soka letu lilikuwa la ridhaa, mchezaji alikuwa mwajiriwa wa shirika fulani, na klabu haikuwa na faida yoyote ya halali katika kumtoa. Mfumo ambao klabu hainufaiki na kuuza mchezaji hauwezi kujifunza kuuza. Wakaja watu mmojammoja, kila mmoja akifyeka pori lake: Nizar Khalfan Vancouver, Haruna Moshi Sweden. Ilipita takriban miaka 38 tangu Almelo hadi Januari 2016, Mbwana Samatta alipotoka TP Mazembe kwenda Genk ya Ubelgiji.

Na angalia tofauti. Samatta alipita Lubumbashi kwanza, kwenye klabu yenye fedha na kombe la Afrika, akamaliza mfungaji bora, sawa na mchezaji mwingine, katika Ligi ya Mabingwa ya 2015 kwa mabao saba, akapewa tuzo ya mchezaji bora anayecheza ndani ya Afrika. Alipofika Genk alikuwa na ngazi chini ya miguu yake. Msimu wa 2018/19 akafunga mabao 23 ya ligi na Genk ikawa bingwa. Kila bao unaweza kulitafuta sasa hivi, ukalisimamisha, ukamwonyesha mtoto wa Nyakabindi jinsi anavyouachia mwili wa beki upite kabla ya kupiga. Mimi nalifanya hilo. Kwa Sunday siwezi, na hilo linaniuma kila ninapomfundisha mtoto mwenye akili ya mpira lakini asiye na kasi. Ningependa kumwambia angalia huyu. Ninachoweza ni kumwambia sikiliza.

Mkoa wetu wa Simiyu una watu zaidi ya milioni mbili kwa sensa ya 2022, ndio unaoongoza kwa pamba nchini, na haujawahi kuwa na timu Ligi Kuu. Mwanza ilikuwa na Pamba, kwa lakabu TP Lindanda au Wana Kawekamo, klabu iliyobeba jina la zao letu hadi kwenye mashindano ya Afrika, ikashuka daraja, ikakaa nje zaidi ya miaka ishirini na kurudi Ligi Kuu msimu wa 2024/25. Shinyanga ilikuwa na Stand United na Mwadui. Mtoto wa Maswa au Busega akionekana, anaonekana akiwa ameshahama. Jina lake linaandikwa na mkoa mwingine. Sisemi kwamba hatuna washambuliaji. Nenda Lamadi jioni, nenda viwanja vya shule vya Mwanhuzi, nenda kwenye michuano ya kijiji ambako mshindi anaondoka na ng'ombe, utawaona. Nilikuta mechi moja ya namna hiyo mwamuzi akiwa na filimbi tu, bila karatasi. Mabao matano yalifungwa. Wiki moja baadaye nikauliza wafungaji ni akina nani, nikapata majina ya watatu, na mawili kati ya hayo yalibishaniwa.

Hivyo ndivyo bao la Nyamagana linavyoanza kuwa la kichwa kwa mmoja na la mguu kwa mwingine. Mabingwa wa ligi ya miaka ya sabini wanajulikana mwaka kwa mwaka. Waliofunga mabao yaliyowapa ubingwa huo tunawajua kwa mechi kubwa tu, zile zilizobahatika kuwa na watani wawili na mtangazaji. Mechi ya Nyamagana imebaki na dakika zake, 16, 87 na 97, kwa sababu ilikuwa Simba na Yanga. Je, ni mabao mangapi ya Sunday dhidi ya timu za mikoani yaliyokwenda na upepo? Ni washambuliaji wangapi wa Shinyanga ya wakati ule waliofunga vilevile, siku ambayo redio haikuwepo?

Kwa hiyo nimenunua daftari kubwa, lile la kurasa 200, na nimelipigia mistari. Safu ya kwanza ni jina kamili. Ya pili ni shule au kijiji. Ya tatu ni dakika, ya nne ni mguu gani au kichwa, ya tano ni nani aliyetoa pasi. Michuano ya shule za msingi ilipoanza nilikaa nyuma ya goli la upande wa magharibi, jua likiwa mgongoni, na mwalimu mmoja akanisaidia kuita majina. Ukurasa wa kwanza una mabao manne ya mechi moja. Matatu ni ya mtoto mmoja, yote kwa mguu wa kushoto, la mwisho dakika ya 58, na pasi ilitoka kwa mdogo wake.